Bawabu Wanne Mlangoni mwa Shamba la Papa

Mimi nafundisha informatique, yaani somo la kompyuta, katika shule ya sekondari hapa Butembo, na katika miaka yote hiyo sijaona programu ya kudharaulika kama ile inayosimama mlangoni mwa mchezo. Unataka kucheza. Mchezo umo ndani ya mashine, umelipiwa, uko tayari. Lakini kabla haujafunguka anatokea bawabu. Anakuuliza jina, anakuuliza barua pepe, anakuonyesha michezo mingine ambayo hukuiomba, kisha anakuambia umsubiri kidogo abadilishe nguo. Nguo hizo anazibadilisha kwa mega zako mwenyewe za internet ulizonunua asubuhi. Akimaliza, anakuuliza jina tena.

Mashine ya papa, baba yangu, ilikuwa na bawabu wanne.

Ilikuwa mashine ya kuchezea, ya kushika kwa mikono miwili, pana kuliko kitabu cha misa, ila ndani yake ni kompyuta kamili. Kaka yangu, mfanyabiashara wa vitambaa huko Beni, alijinunulia alipokwenda Dubai. Alicheza nayo majuma mawili, akaichoka kama anavyochoka kila kitu, akamwachia papa. Kabla ya kumpa aliipeleka kwa fundi mmoja wa Beni ili "aijaze" michezo. Fundi aliijaza kweli. Ilikuwa na bawabu wa kampuni iliyotengeneza mashine, bawabu wa duka linalouza michezo, bawabu wa kampuni iliyotunga mchezo, na wa nne ambaye mpaka leo sijui kazi yake ilikuwa nini, isipokuwa kuwaamsha wale watatu.

Papa hakuwa na habari nao. Yeye alikuwa na mchezo mmoja tu, wa kilimo.

Papa ni mtu wa Mbau, kwenye barabara ya Beni kwenda Oicha. Alikuwa na shamba la kakao huko. Kwanza watu walianza kuvuna kabla yake, gunia hapa, gunia pale. Kisha ikafika siku ambayo hakuweza kurudi kabisa kwa kukosa usalama, na aliyelichukua shamba hajulikani. Sasa anaishi kwangu, mtaa wa Mususa hapa Butembo, ambako kiwanja kimejaa nyumba, choo na jiko, na nafasi iliyobaki inamtosha kuku kujinyoosha, basi. Mzee aliyeshika jembe tangu utoto alikuwa anakaa kutwa akitazama ukuta wa jirani. Halafu ikaja ile mashine.

Katika mchezo ule unapewa kipande cha ardhi, kijumba, na mtu mdogo anayekulimia. Unaweza kununua trekta. Papa aliikataa trekta, akasema anayelima bila kukanyaga udongo hajui shamba lake. Kakao haimo mle, kuna matofaa, basi akapanda matofaa kwa nafasi ya kakao, akipima kwa hatua za yule mtu mdogo. Pembeni pande zote nne alipanda miti ya mpaka, ingawa katika mchezo ule hakuna jirani. "Shamba bila mpaka ni ugomvi," alisema. Aliingia shambani saa kumi na mbili asubuhi baada ya sala, kofia kichwani, amekaa kwenye kigoda uani. Saa nne alipumzika. Jioni alirudi. Jumapili hakugusa.

Nilimdharau, sitaficha. Kwenye chumba cha walimu niliwaambia wenzangu kwamba baba yangu analima hewa, tukacheka.

Jumatatu moja aliingia jikoni na kofia mkononi.

"Mama, kuko mutu alivuna mu shamba yangu."

Papa huniita mama, kama baba wengi wa kwetu wanavyowaita binti zao. Nilikuwa nachambua sombe, majani ya muhogo, sikuinua hata kichwa.

"Papa, ile ni muchezo tu. Hakuna mutu anaweza kuingia mule."

"Jana ilikuwa siku ya Mungu, miye hapana kuingia. Juzi, samedi, niliacha matunda yote ku miti. Leo hakuna hata moja. Mwizi eko."

"Labda ulivuna, ukasahau."

Alinitazama kidogo, akavaa kofia yake, akatoka. Mimi nikaendelea na sombe. Nilikwisha kutoa jibu moyoni: kati ya wale bawabu wanne kuna mmoja aliyeharibika, na mzee naye anazeeka. Ili nipate amani nilikata internet kwenye mashine, nikamwambia alime hivyo hivyo mpaka nipate muda wa kuwafukuza.

Alilima juma zima. Alipalilia, akangoja matunda mapya, akaongeza mstari wa miti. Jumatano aliniambia sasa hakuna mtu anayeingia. Hapo pia nilijisifu mwenyewe, sikumsadiki yeye. Mtu aliyesoma ana namna yake ya ujinga, na inamchukua muda mrefu zaidi kupona.

Ijumaa jioni, papa alipotoka shambani, nilikaa na mashine ile. Bawabu wa kwanza aliniuliza kama nina hakika. Nilikuwa na hakika. Akasema anasikitika kuniona naondoka, akataka kujua sababu, akanipa majibu matano ya kuchagua, na hakuna hata moja lililosema: kwa sababu wewe ni takataka. Mwishowe aliondoka, lakini akaacha mafaili yake kila pembe, kama mpangaji anayehama na kukuachia godoro bovu. Wa pili, yule wa duka, nilimruka kwanza. Wa tatu aliondoka, nikazima mashine, nikaiwasha, nikamkuta amekaa palepale. Yule wa nne ndiye aliyemwita. Wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Hawa siku ya tatu wanakunyang'anya jembe, kisha wanakuuliza barua pepe. Nikamwondoa wa nne kwanza, ndipo wa tatu akakubali kufa.

Akabaki mmoja, yule wa duka, ambaye ndiye aliyeushika mchezo wa papa. Nilipomgusa alisema hawezi kuniachia kitu mpaka niingize neno la siri. Juu yake iliandikwa barua pepe. Haikuwa ya papa, wala ya kaka. Ilikuwa na jina la fundi wa Beni.

Basi nikajua. Kwetu unanunua simu, unaipeleka kwa fundi, na fundi anakufungulia akaunti kwa barua pepe yake yeye na neno la siri lake yeye. Hakuambii, nawe huulizi. Simu ikikwama unarudi kwake kama unavyorudi kuungama. Nusu ya watu wa Butembo na Beni wanabeba simu ambazo ufunguo wake umo mfukoni mwa mtu mwingine, na wanamshukuru. Kila mwaka nawasema wanafunzi wangu kwa jambo hilo, nawaita kondoo. Na kaka yangu, aliyefika Dubai na kurudi na miwani ya jua, alikubali vilevile.

Jumamosi alfajiri niliichukua mashine kwenda nayo Beni. Papa alinisindikiza mpaka mlangoni.

"Shamba yangu iko mule ndani?"

"Iko, papa."

"Utaichunga muzuri."

"Nitaichunga."

Fundi nilimkuta kwenye kibanda chake karibu na soko. Ni mtu mzima wa miaka arobaini na kitu, amevaa koti jeupe kama muuguzi, kikoleo kidogo kimechomoza mfukoni. Kwenye ubao wa mlango alijiandika daktari wa mashine. Daktari! Mezani pake kulikuwa na simu kama ishirini zimefunguliwa matumbo, na hakuna hata moja iliyokuwa inapumua.

"Karibu, madame. Mashine iko na bugonjwa gani?"

"Haiko mugonjwa. Utoe compte na barua pepe yako mu mashine ya papa yangu."

Akacheka kwa upole, kama mtu anayemwelekeza mgeni barabara.

"Mais madame, compte ile iko ya batu bote. Miye nilinunuaka muchezo mara moja, nikawekea ma-clients bote. Ni solidarité, kusaidiana, donc. Kila mutu analima."

"Bote banalima shamba moja?"

"Moja tu. Bengi kati yabo hata hapana kujua."

Mtu alikuwepo kweli. Pengine watatu, pengine kumi, mmoja Oicha, mmoja hapa Beni, kila mmoja akiamka na kudhani shamba ni lake, na yule bawabu wa duka akilibeba huku na huku kati yao bila kumwambia yeyote. Papa aliona. Aliona kwa macho ya mkulima, bila kujua hata neno moja la informatique, na mimi nilimjibu huku nachambua sombe.

Je, nilitubu? Hata. Nilizidi kumdharau fundi. Dharau ina raha yake: ukiwa nayo huhitaji kumwomba mtu msamaha.

Alikataa kunitajia neno la siri, akasema akinipa mimi, wateja wake wote watapotea. Alinigeuzia mgongo, akaliandika ameinama kama mwanafunzi anayeficha majibu. Bawabu akaamka, akavuta internet ya kibanda, na baada ya muda akatoa swali. Ameona mashamba mawili: moja limo ndani ya mashine hii, jingine liko huko juu kwake, kwenye internet. Abakize lipi?

"Ngoja, madame," fundi alisema. "Tusome mbele ya kufinya."

"Soma weye. Miye ni prof ya informatique."

Nikaipokonya mashine mkononi mwake. La juu liliandikwa saa ya asubuhi ileile, la ndani liliandikwa Ijumaa jioni. Kila mwaka nawafundisha watoto wa watu: mkikuta faili mbili, chagueni ile mpya. Nikabonyeza ile mpya. Ikatokea alama ya kijani, ikapotea.

Ilipopotea ndipo akili ilinirudia. Papa asubuhi ile hakuingia shambani, kwa kuwa mashine nilikuwa nayo mimi. Aliyelima asubuhi ile ni mwingine.

Nikalifungua shamba palepale mezani. Miti ya mpaka ilikuwa imekatwa pande zote nne. Matofaa yamekatwa yote, hata kisiki hakuna. Trekta ilikuwa imepita toka mwanzo hadi mwisho, na pote palipandwa ngano tupu. Mbele ya nyumba palikuwa na ng'ombe, tena ng'ombe wazuri, wanono. Mwenye kazi ile alikuwa amejitahidi, naye hajui mpaka leo kwamba alikata miti ya mtu.

Fundi alichungulia juu ya bega langu.

"Ulifinya ya juu, madame prof," alisema. Hakusema kwa kunicheka. Alinihurumia, na kuhurumiwa na mtu yule kuliniuma kuliko tusi. Alihangaika zaidi ya nusu saa kutafuta kama shamba la zamani limebaki mahali, akijaribu hiki na kile, jasho limemtoka, wala hakuniomba hata franga. Halikuwepo.

Niliunakili mchezo pembeni, nikahakikisha unafunguka wenyewe, kisha nikamwondoa bawabu wa mwisho pamoja na mafaili yake yote. Aliniuliza kama nina hakika. Mashine ikabaki safi kabisa, hakuna tena mlinzi wala swali wala tangazo, na kitu pekee kilichofaa kulindwa mle ndani nilikuwa nimekifuta kwa kidole changu.

Njia nzima ya kurudi Butembo nilitengeneza sentensi moja: papa, mwizi alikata miti yako. Niliigeuza na kuigeuza. Kila neno ndani yake lilikuwa kweli, na kwa sababu hiyo niliipenda sana. Ningemtupia lawama mtu wa Oicha nisiyemjua, au fundi, au bawabu wa duka, na jioni ningekula chakula changu kwa amani.

Papa alikuwa kwenye kigoda chake, anangoja. Akaipokea mashine, akaiwasha. Shamba likafunguka moja kwa moja.

"Aa," alisema, "leo hakuna anayeniuliza jina."

Alimchukua yule mtu mdogo, akamtembeza polepole mahali palipokuwa na mpaka, upande wa kwanza, wa pili, wa tatu, mpaka akazunguka wote. Niliiona shingo yake, ile mikunjo ya jua la Mbau isiyotoka.

"Papa," nikasema, "mwizi alikata miti."

Akaitikia kwa kichwa, taratibu, kama mtu aliyekwisha kuzoea.

Kule kuitikia kulinishinda. Laiti angegomba.

"Hapana, papa. Ni miye. Mashine iliuliza shamba gani ibakie, ile ya mwizi ao ile ya kwako. Fundi aliniambia tusome mbele, miye nikakataa. Nikafinya ya mwizi. Yako ni miye niliifuta. Na ile siku uliniambia kuko mutu, ulisema kweli, miye nikakucheka."

Nilingoja anifokee. Ilikuwa haki yangu, na nadhani nilikuwa naitaka. Aliiweka mashine magotini, akavua kofia, akanitazama usoni.

"Mama," alisema, "bale balichukua shamba yangu ya Mbau, tangu niliiacha, hakuna hata mumoja alikuyaka kuniambia: ni miye."