Honorine, Dobi Anayetoswa Bwawani na Kiroboto

Saa tatu asubuhi, baridi ya Februari bado inauma mjini Nice, Ufaransa. Honorine Bastide amesimama ukingoni mwa bwawa la bustani, amempa mgongo adui yake mwenye umri wa miaka mitano.

"Zungusha!" anafoka mwongozaji, Bwana Vidalin.

Mpini wa kamera unazunguka. Mtoto anakuja mbio, mikono mbele. Akimfikia Honorine, anasimama na kuangua kilio.

"Simsukumi! Shangazi ataumia!"

Mtoto huyo ni Anselme. Kwenye sinema anaitwa Kiroboto, mtundu anayenyoa polisi masharubu na kumwagia babu wino kwenye supu. Kwa miaka miwili, mwathirika wake mkuu amekuwa Honorine, ambaye yeye humwita Shangazi.

Mama huyu wa miaka 46 alifua nguo mtoni kwa miaka ishirini na miwili.

"Kule nililowa kutwa nzima kwa faranga mbili," anasema. "Hapa nalowa mara moja, napata tano, na watu wanacheka!"

Kazi ina maumivu yake. Mwaka jana Kiroboto alimsukuma ngazini, akaanguka na kuvunjika ubavu. "Niliinuka nikatabasamu. Mtoto angejua, asingenigusa tena."

Jana, mtu fulani alimropokea mtoto habari hiyo.

"Mama Bastide, asipokusukuma, itabidi nitafute mwingine," anasema Vidalin, bila furaha.

Honorine anapiga magoti mbele ya Anselme.

"Kiroboto gani wewe, hung'ati? Paka wangu ana nguvu kukushinda."

"Mwongo! Mimi nina nguvu!"

"Maneno tu. Mimi hapa hunitingishi."

Mtoto anafuta kamasi kwa mkono. "Nikikusukuma, utanichukia?"

"Nitakununia ukinisukuma kivivu."

Kamera inazunguka tena. Safari hii anasukumwa barabara; maji yanaruka hadi kwenye viatu vya Vidalin. Kisha, jambo ambalo hakuna aliyelipanga: Kiroboto anajirusha bwawani na kumng'ang'ania shingoni, akipiga kelele, "Nakuokoa, Shangazi!"

"Usiache kuzungusha!" anapaza sauti Vidalin, mbavu hana kwa kicheko.

Sasa Honorine amejifunika blanketi, anakunywa mchuzi wa moto, Anselme mapajani. Kazi yake imebaki.

Pasaka, hema la sinema litafika kijijini kwao milimani. Mama yake, mwenye miaka themanini, anaamini binti yake bado anafua nguo mtoni. Honorine atampeleka na kuketi kando yake.

"Sitamwambia kitu," anasema, macho yakimng'aa. "Nataka kwanza nimsikie akicheka, kabla hajagundua kwamba yule anayelowa ni mwanawe."