Mwambie Mjomba'ko

Harufu ya vitunguu thomu vikichemka ndani ya mafuta ya simsim ndiyo inayonirudisha Matrah, mji wa bandari ubavuni mwa Maskati, kwenye nyumba yetu ya kupanga nyuma ya soko, mwishoni mwa mwaka 1970. Bibi aliyachemsha mafuta hayo kwa ajili ya goti la mwanawe, Mjomba Seif. Aliyapika mwenyewe, hakumwachia mtu, akayachuja kwa kitambaa, akayatia kwenye chupa, kisha akaniita mimi. Mjomba alikuwa amekaa hapo hapo, karibu ya kumfikia kwa mkono, mguu kaunyoosha juu ya mto. "Zuwena," Bibi aliniambia bila ya kumtazama mwanawe, "mwambie mjomba'ko asugue kutoka juu kwenda chini, asirudishe mkono." Nikageuka kumwambia mtu aliyekwisha kusikia kila neno. "Mwambie bibi'ko ahsante," Mjomba akajibu, nami nikageuka tena. Nilikuwa na miaka kumi na moja, na kazi yangu katika nyumba ile ilikuwa kupitisha maneno baina ya watu wawili wasiosemezana.

Mjomba Seif alikuwa mchezaji mpira wa kulipwa Amerika. Nikisema hivyo leo watu hudhani ni mpira huu wetu, ikanibidi nianze kueleza tangu mwanzo. Ni ule mpira wao wenye umbo la yai, wanaoubeba kwa mikono na kuparamiana huku wamevaa makofia magumu. Alikwenda huko kusoma udaktari, mimi bado nabebwa, na Bibi alikuwa ameshautangazia mtaa mzima kule Unguja kwamba mwanawe atarudi na koti jeupe. Udaktari ulimshinda mwaka wa pili. Lakini alikuwa amecheza mpira wa miguu tangu utoto, na wakati ule Waamerika ndio kwanza walikuwa wanaona kwamba mgeni anayepiga kwa ubavu wa mguu anaupeleka mpira mbali kuliko watu wao wanaopiga kwa ncha ya kiatu. Wakamchukua kwa kazi hiyo moja tu. Mchezo mzima anakaa benchi, wenzake wanavunjana mbavu, halafu anaitwa. Mmoja anamsimamishia mpira kwa kidole, yeye anakimbia, anaupiga upite baina ya miti miwili, anarudi kukaa. "Nlikuwa nnalipwa kwa kungoja," alitwambia siku moja, na hakucheka. Mwishowe jitu la timu ya upande wa pili lilimwangukia gotini. Wakamweka mwaka mmoja awafundishe wapigaji wengine, kisha wakampa kwaheri.

Bibi asingemnunia kwa ajili ya udaktari. Hilo alilimeza. Lililomkaa kooni ni kifo cha Babu. Tuliondoka Unguja mwaka 1964 kwa meli, tukafika Maskati na masanduku na nguo tulizovaa, na Babu hakuuzoea mji hata siku moja. Milima ile isiyo na jani ilimtisha. Alilalamika kwamba mawe yanatoa joto hata jua likishazama, na kwamba kila akifungua mdomo watu wanamwuliza katokea wapi, yeye ambaye babu zake walizaliwa humo humo. Baridi ilipoanza akaugua, akafa. Baba yangu alikuwa kazini Kuwait, Mama ni mwanamke, na mtoto wa kiume pekee wa marehemu alikuwa Amerika. Babu alishushwa kaburini na majirani ambao hata jina lake hawakulijua sawasawa. Telegramu ikapelekwa, na Bibi akakaa eda akingoja. Hakumtarajia mwanawe maziko, alijua ni mbali. Alimngoja aje akae naye mkekani, wapokee watu pamoja. Hakuja. Eda ikaisha, naye hakuja. Kisha Baba alipokuja likizo akaropoka aliyoyasikia kwa kijana mmoja wa Unguja aliyekuwa akisoma mji ule ule aliokuwako Seif: kwamba wiki ile ile telegramu ilipofika, Seif aliingia uwanjani, akapiga, timu ikashinda, na watu wakasimama kumshangilia. Baba alidhani analeta habari ya kufurahisha. Bibi alimwuliza mara mbili ni wiki gani. Halafu akasema, "Baba'ke udongo haujakauka, yeye anapigiwa makofi," na tokea hapo jina la Seif halikutoka tena kinywani mwake.

Mwaka 1970 mtawala alibadilika, na waliokuwa nje wakaanza kurudi. Milango ya mji iliyokuwa ikifungwa jioni ikaachwa wazi, na kila wiki kulikuwa na nyumba inayopokea mtu. Kwetu alikuja Mjomba, anachechemea, na sanduku moja na mpira wake wa yai. Alipoulizwa kwenye ofisi ya serikali iliyokuwa ikigawa kazi amesomea nini, wenzake kwenye foleni walikuwa wakisema uhandisi, uhasibu, udaktari. Yeye akasema mpira. Karani alicheka, kisha akaona hafanyi mzaha, akampeleka skuli mpya ya wavulana, ambayo nusu yake ilikuwa mahema. Hivyo ndivyo alivyokuwa kocha. Wavulana walimwita mudarrib, kama anavyoitwa kocha kwa Kiarabu, na alasiri aliwakusanya kwenye wadi, lile bonde kavu nje ya mji. Aliwafundisha mpira wa kawaida kwa ukali wa Kiamerika. Aliwapandisha majabali mbio, akawasukumisha magunia yaliyoshindiliwa makuti, akawapulizia kipenga mpaka mbuzi wa watu wakakimbia. Hakumweka mtu benchi. Aliyekuja alicheza, hata yule mtoto mnene wa mwenye duka la nguo, ambaye kila akigusa mpira ulikwenda kwa adui. Siku wakifanya vizuri aliwatolea ule mpira wa yai waupige, nao walikufa kwa kicheko kila ulipodunda ukaenda usikotazamiwa. Lakini niliona mara nyingi anasimama katikati ya kelele zile, kipenga mdomoni, hakipulizi, anatazama chini.

Kilichomrudisha Maskati kilikuwa radhi ya mama yake. Hakuficha. Alimwambia Mama mbele yangu kwamba mtu anaweza kuishi bila goti, lakini bila radhi ya mzazi kila akishikacho kitamponyoka. Ramadhani ikaingia, nikadhani Bibi atalegea, maana aliwasamehe hata wauza samaki. Siku ya Idi Mjomba alipiga magoti kwa tabu akambusu mkono. Mkono alipewa, neno hakupewa. Baadaye nilipoanza kwenda skuli ya wasichana, asubuhi wakabaki wao wawili bila mtu wa kuwapitishia maneno. Nilimwuliza Mama wanafanyaje. Akaniambia Bibi anazungumza na ukuta. "We ukuta, chai iko ndani ya birika," anasema, na Mjomba anakwenda kumimina. Mama alicheka aliponihadithia, halafu akaenda jikoni, na aliporudi macho yake yalikuwa yamevimba.

Alasiri moja baada ya Idi, wavulana wa Sib waliletwa kwa lori kuja kucheza na wavulana wa Mjomba. Ilikuwa mara yao ya kwanza kupata wageni. Mimi nilitumwa chupa ya chai, nikasimama kando kungoja. Mchezaji bora wa Mjomba alikuwa mtoto anayeitwa Khalfan, mwembamba, wa umri wangu, ambaye baba yake alikuwa mchukuzi bandarini. Khalfan alikuja anakimbia, macho mekundu, akajipanga mstarini. Mwenziwe akamnong'oneza Mjomba kwamba baba wa Khalfan ameanguka na mzigo mgongoni, amekufa, na sasa hivi anaoshwa. Mjomba akamwuliza mtoto mwenyewe kama ni kweli. "Nicheze kwanza, mudarrib," Khalfan akasema. "Halafu nitakwenda."

Sijapata kuona uso wa mtu mzima ukibadilika vile. Alipuliza kipenga kwa nguvu, akawaambia wageni hapana mchezo leo. Akachota maji ya kunywa ya wachezaji, akamwosha Khalfan uso na miguu, akamshika mkono, na wale watoto wote, wetu na wa Sib, wakawafuata kuelekea mjini. Mimi mtoto wa kike sikwenda makaburini. Nilikimbilia nyumba ya msiba, nikamkuta Bibi ameshafika, yuko na wanawake. Haukupita muda habari zikaingia kutoka nje: mwalimu amemfundisha Khalfan namna ya kushuka kaburini kumpokea baba yake, na kwa vile mtoto anatetemeka, ameshuka naye, na goti lake lile. Wanawake wakamgeukia Bibi. "Mashallah, mwanao ana imani, kamshika yatima." Bibi aliinamisha kichwa.

Mjomba alirudi baada ya maghribi, nguo zimejaa udongo. Bibi alikuwa amekaa kitako anamngoja. Nilisogea mahali pangu pa kila siku, baina yao, lakini sikutumwa kitu. Bibi alinyanyua macho akamtazama mwanawe usoni. "Seif," alisema. "Kumbe unajua."

Mjomba alibaki mlangoni.

"Miaka yote nnakutolea udhuru moyoni. Nnajiambia Amerika imemsahaulisha, hajui tena baba akifa mtoto hufanya nini. Ndiyo nikaweza kukupikia mafuta. Kumbe unajua."

"Nnajua, mama," Mjomba akasema, na sauti yake ilikuwa ya mtoto. "Na siku ile nlijua. Telegramu nliisoma. Kocha wangu akaniambia cheza kwanza, kulia utalia baadaye. Nikacheza. Wale watu waliposimama kunipigia makofi, nikaona kama nimemzika baba yangu kwa teke. Sikuthubutu kuja mbele yako."

Bibi alilia kwa mara ya kwanza tangu tuingie nchi ile, bila ya kujifunika uso. "Radhi yangu unayo," alisema alipoweza. "Siwezi kukuacha mwanangu ukahiliki. Lakini usiniulize kama hasira imeniishia, maana haijaniishia." Akanituma maji ya Mjomba kunawa. Tangu siku ile walisemezana, maneno machache, ya chai na ya dawa. Bibi alipofariki, Mjomba ndiye aliyemlaza kaburini, na walimwita mara nyingi kabla hajakubali kutoka. Kama moyo wa Bibi ulipoa kabla ya kufa, hakutwambia. Mjomba aliishi na swali hilo.

Mwaka jana tulimzika Mjomba Seif. Alikuwa akikaa Hail, pembeni mwa Maskati, kwenye nyumba yenye bustani na umeme usiokatika, na alifundisha watoto mpaka miguu ikamkatalia. Wale wavulana wa wadi, sasa wazee wenye ndevu nyeupe, walikuja kutoka Sib na Qurayyat na kila pembe, kwa magari ambayo babu zao hawakuyaota, na Khalfan alishuka kumpokea. Mtoto wa kiume wa Mjomba yuko Amerika, ana kazi nzuri. Ndege zipo kila siku, na angeomba tu, tungemwekea baba yake mpaka kesho yake. Alituandikia kwamba wiki ile ameshikwa sana na kazi. Mtu mmoja akamwinulia simu kaburini, naye kijana akayatazama maziko huko huko aliko, akatuandikia ahsanteni, Mungu awalipe. Sote tukamjibu: usijali, tunaelewa, safari ni ndefu. Na mimi niliandika. Halafu nikakaa kwenye busati la msiba, nikamkumbuka Bibi na hasira zake zile za miaka, nikalia sana, kwa sababu katika ukoo mzima hakupatikana hata mmoja wa kumnunia yule kijana. Tulikuwa tumeshamsamehe kabla hajaomba.