Mgeni Aliyesahau Kamera

Nikisikia harufu ya kahawa ya kutafuna, ile inayochemshwa na majani kisha ikaanikwa juani, namkumbuka Mugisha. Na kabla ya sura yake hunijia mguu wake wa kushoto, uliovimba hata kiatu kikakataa kufungwa kamba.

Alikuwa kijana wa Bukoba mjini, anayezunguka Ziwa Viktoria kwa miguu, peke yake, akijirekodi filamu. Nikiwa bado mtoto, alifika kwetu Buganguzi jioni moja, amelowa chapachapa. Bibi alimtia kahawa kiganjani, kama apewavyo kila mgeni, akamkanda mguu kwa maji ya moto.

"Mjini mmekosa mabasi?" alimtania.

"Bibi, nikipanda gari tu, safari imekufa. Hata mzigo sharti nibebe mwenyewe."

Bibi aliguna. Kwetu mgeni husindikizwa, tena mzigo wake hubebwa na wenyeji hadi njia panda. Kumwacha aondoke nao mgongoni ni aibu ya nyumba nzima.

Asubuhi Mugisha alisimamisha kamera kwenye miguu yake mitatu, pembeni mwa kibanja, akaanza kupanda kilima akichechemea. Hakugeuka nyuma. Kamera ikabaki peke yake chini ya migomba.

"Waitu! Mgeni kasahau kitu chake!" Bibi alipiga kelele. "Koku, kimbia!"

Nani angembishia Bibi? Niliikumbatia kamera na miguu yake yote, nikapanda nikihema, Bibi akizidi kunihimiza kwa sauti nyuma yangu, najiona shujaa. Nilimkuta juu kabisa, amekaa kwenye jiwe. Alinitazama, akaitazama kamera. Taa yake nyekundu ilikuwa bado inawaka.

"Koku," alisema taratibu, "ilikuwa inanipiga picha nikipanda. Nikifika juu hushuka kuichukua, halafu napanda tena."

"Kila kilima?"

"Kila ninapojirekodi."

Nilingoja kufokewa. Akacheka mpaka machozi yakamtoka, sijui ya kicheko au ya mguu. Kisha akaichukua kamera, tukashuka. Akaitegesha palepale, akapanda. Akashuka kuichukua, akapanda tena. Kilima kile kile, na mguu ule! Nilisimama mdomo wazi. Sikuwahi kumwona mtu mzima akirudia maumivu ambayo hakuna aliyemlazimisha kuyarudia.

"Huyu atafika," Bibi alisema mwishowe.

Alifika. Mwaka jana mwanangu alinionyesha filamu ile kwenye simu. Kilima chetu kikatokea, Mugisha akakipanda peke yake, vizuri kabisa. Nikajua kilivyomgharimu. Mara picha ikaanza kuruka: mbingu, majani ya migomba, miguu yangu pekupeku, pumzi za mtoto. Na sauti ya Bibi, ambaye tulishamzika: "Kimbia, Koku, asiondoke peke yake!"

Nililia mbele ya mwanangu bila haya. Miaka yote niliamini tulimharibia picha. Kumbe yule aliyekataa kubebewa hata kamera alikubali kusindikizwa.