Mikanda ya Baba Iliyorekodiwa Upya

Baba alikuwa mwalimu Temeke, na kamera yake ya video ilikuwa nzito kama tofali. Alirekodi harusi, maulidi, ngoma za kina mama, hata mafuriko yalipoingia mtaani kwetu. Alipofariki nikaipeleka mikanda yake yote kwenye studio moja Mikocheni. Walisema wanakusanya picha za maisha ya Dar ili wazitunze. Niliwaamini.

Mwaka jana mama mkubwa aliniita. Binti yake alifariki angali msichana, na hakuwa na picha yake hata moja.

"Baba yako alimchukua akicheza kwenye harusi ya shangazi yako," alisema. "Nitafutie, mwanangu, nimwone."

Nikaenda Mikocheni. Meneja, mwanamume nadhifu anayenukia marashi, alinipeleka stoo iliyopakana na choo. Maji yalikuwa yakivuja ukutani. Maboksi ya baba yalikuwa sakafuni, yamelowa, yamejaa mavi ya panya. Nilifungua kasha moja, mende wakanitambalia mkononi. Mkanda wenyewe ulikuwa umeota ukungu. Nikatoka uani kutapika.

Aliningoja nimalize.

"Dada, hii ni mikanda ya uswahilini, nani angeiangalia? Mingine tuliifuta, tukarekodia matangazo. Enzi zile mikanda ilikuwa ishu kupatikana."

"Si mngenirudishia?"

"Hukuwahi kuja kuulizia."

Hilo lilinichoma, maana lilikuwa kweli. Miaka yote ile sikukanyaga pale.

Nikaondoka na iliyobaki. Fundi mmoja wa Tandika aliisafisha kwa pamba na spiriti, na wa harusi ukapatikana. Mama mkubwa akaja kwangu, akavuta kiti hadi karibu kabisa na televisheni. Akatokea shangazi na shela lake. Kina mama wakaanza kujipanga kucheza, wasichana nyuma yao. Mara picha ikaruka, likatokea kopo la mafuta ya kupikia, linazunguka huku likiimbiwa.

Mama mkubwa aliendelea kutazama lile kopo.

"Alikuwa anafuata binti yangu?"

"Nadhani, mama."

"Zima."

Fundi bado anaendelea na mingine. Ule wa mafuriko umetoka vizuri, majirani wanaonekana wamebeba magodoro kichwani. Nimemwambia mama mkubwa, lakini hataki tena kuja kuangalia. Simlaumu. Wale watu wa Mikocheni wananitia kinyaa hadi leo, na mie mwenyewe najitia.