Mama Alivyomtambua Mwigizaji wa Kituruki

Baba alipofariki, mama alitoka kijijini Samuye akaja kukaa nami mjini Katoro. Nilimpa kiti cha plastiki ndani ya saluni yangu, karibu na televisheni, ili asishinde peke yake nyumbani. Kila alasiri tulikuwa tunafungulia tamthilia ya Kituruki iliyowekewa sauti za Kiswahili. Ndani yake mlikuwa na mama mkwe mwenye mashavu membamba, aliyemtesa mke wa mwanawe mpaka wateja wangu wakawa wanamsonya huku nawasuka. Mama alimchukia kuliko sisi sote.

Ilipokwisha ikaanza nyingine, ya mjane maskini anayefulia watu nguo. Siku ya pili tu mama akasema, "Huyu ni yule yule mama mkwe." Tulimbishia. Nywele tofauti, umri tofauti, hata sauti ilikuwa nyingine kabisa. Yeye akashikilia kwamba tumtazame anavyogeuza shingo kabla ya macho.

Nikatafuta kwenye simu, nikakuta ni kweli. Mwigizaji huyo alikuwa amecheza hakimu, mlevi, mtawa, hata vichekesho, na zamani, kwenye filamu za ujana wake, msichana wa shamba. Ndipo nikaelewa. Sisi tulikuwa tunasikiliza sauti, ambayo ni ya Mswahili aliyekaa studio. Mama, aliyezoea Kisukuma na Kiswahili cha sokoni tu, alikuwa anamtazama mtu.

Picha yake akiwa hakimu, mama aliniomba nimwonyeshe tena na tena. Akaniuliza kama yule mwigizaji ana mume, kama wanawe hawamkatazi kuigiza. Nikasema sijui. Akasema, "Mayu, mwanangu, mimi nilikuwa natunga nyimbo za ngoma. Nilipoolewa nikaacha."

Nina miaka arobaini na kitu, na sikuwahi kusikia hilo. Nilimuuliza kama baba alimkataza. Akasema hakuna aliyemkataza. Hakuna tu aliyemuuliza tena.

Kwaresima iliyofuata, jumuiya yetu ya kanisa ilikuwa inatafuta watu wa igizo la Mateso ya Yesu. Mama akajitolea, akataka sehemu ambayo wenzake waliikwepa: yule kijakazi anayemsuta Petro pale kwenye moto kwamba naye alikuwa na Yesu. Walihofia Kiswahili chake. Akaomba aseme kwa Kisukuma, wakakubali.

Ijumaa Kuu uwanja wa kanisa ulijaa. Mama alipomnyooshea kidole, Petro, ambaye siku zote ni fundi baiskeli jirani yetu, alirudi nyuma akasahau maneno yake. Mimi niliyemfunga khanga asubuhi, kwa kitambo sikumwona mama yangu pale. Nilimwona mwanamke mwingine, mkali, asiyemwogopa mtu.

Tulirudi nyumbani kwa miguu, mama sauti imemkauka. Nilitaka kumsifu, nikaona haya, kana kwamba natembea na mgeni. Yeye ndiye aliyeanza kuongea. Alisema mwakani anataka kuwa Pilato, yule hakimu wa Yesu.