Nyota Iliyovimba Kando ya Kitanda

Dada yangu mdogo alikuwa na ugonjwa wa damu, ule ambao siku hizi nasikia redioni ukiitwa selimundu. Mwanzoni mwa miaka ya tisini, kule kwetu karibu na Luanda Kotieno, ulikuwa na majina mengi na dawa hakuna. Wengine walisema malaria, wengine walisema jicho baya, na kila jirani alikuja na mizizi yake. Mimi nilisema ni nyota.

Niseme vizuri. Tulikuwa na ulimwengu wetu, mimi na yeye, tumeuchora kwa makaa kwenye ukuta wa udongo kando ya kitanda. Juu kabisa zilikaa nyota zenye akili timamu, zisizotikisika, zenye mwanga mwingi na joto hakuna. Chini, pembeni, pale dada alipolaza kichwa, palikuwa na ile isiyotulia. Ilivimba na kunywea bila kumwambia mtu. Zile nyingine ziliiogopa, ndiyo maana ilikaa peke yake. Lakini matunda ya ulimwengu ule yaliiva chini yake tu, kwa hiyo watu walikubali kuishi hapo. Nyumba zao zilikuwa na mishikio kama sufuria: nyota ikivimba walibeba nyumba wakakimbia, ikinywea walirudi wakaendelea kupika. Hatukuipa jina. Kwetu mtoto mchanga akilia sana hutajiwa majina ya wafu wa ukoo, moja baada ya jingine, mpaka anyamaze kwa mmoja wao na kuchukua jina lake, na sisi hatukutaka mfu yeyote aitikie kutoka kwenye nyota yetu.

Watu wa huko walizungumza Kiswahili. Kijaluo kilikuwa cha nyumbani na Kiingereza kilikuwa cha kuchapiwa viboko shuleni, basi Kiswahili chetu kibovu tukawapa wao. Sheria yao ilikuwa moja: hakuna jambo kubwa ambalo lingetokea mpaka wawili waseme ndiyo. Tuliiweka kwa sababu dada alipenda mno kuua wafalme wangu.

Maumivu yalipomshika mifupani, dada alichukua kaa akaipanua nyota. Yalipopungua, mimi nililowesha kiganja nikazifuta kingo zake mpaka ikabaki ndogo. Ndivyo tulivyoanza. Baadaye, sijui lini, nikaugeuza mchezo: nikawa naifuta kabla maumivu hayajapungua, ili yapungue. Mara mojamoja yalipungua kweli, na hilo ndilo lililoniharibu akili.

Desemba hiyo mama alisiriba nyumba kwa ajili ya Krismasi, maana watu wa mjini wangekuja, na nyumba yenye nyufa ni aibu ya mwenye nyumba. Majirani walimsaidia kukanda udongo na mavi ya ng'ombe. Ukuta wote ukawa mpya, isipokuwa kile kipande cha kando ya kitanda, kilichobaki cheusi na kimejaa alama za vidole. Jirani mmoja akacheka, "Mama, hapa umewacha! Wageni watasema wewe ni mvivu." Mama akamjibu kwamba waseme tu. Nilidhani udongo ulikuwa umemwishia.

Januari maumivu yakahamia kifuani. Tulikuwa tumeshampeleka hospitali Kisumu, wakamwongeza damu ya mjomba, wakaturudisha na vidonge. Safari hii hakuweza hata kuketi, sasa basi gani lingembeba? Baba alikuwa mtunza bustani huko huko Kisumu, mtaa wa Milimani, kwa watu wenye magari mawili. Binamu yetu alitumwa alfajiri akamwambie amwombe tajiri wake gari moja. Tukangoja. Kila kitu kiliponguruma barabarani mama alitoka nje, na kila mara lilikuwa lori la samaki. Niliyachukia yale malori, na samaki wake pia.

"Nyota inapasuka," dada akasema.

"Haipasuki. Inavimba tu, halafu inarudi."

"Wacha ipasuke. Imechoka. Sema ndiyo."

"Hapana."

"Watu wote nishahamisha. Hakuna mtu atakufa. Sema ndiyo, tafadhali."

Nilijua anachoniomba. Watu wazima hudhani mtoto wa umri niliokuwa nao hajui kitu, nilijua kabisa. Nikasema hapana, na hata leo ningesema hapana, nani angesema vingine? Nikachovya kiganja kwenye kikombe cha maji nikaanza kuifuta. Nikamwambia tazama, inakuwa ndogo, si unaona? Naye aliendelea kuniomba, pumzi ikimkatika katikati ya maneno, na mimi hapana, hapana, mpaka nikawa napiga kelele.

Mama akaingia. Mama hakuzungumza Kiswahili nyumbani hata siku moja. Kiswahili chake kilikuwa cha kuuzia dagaa wa omena sokoni Sondu, cha kutaja bei na kugombana, na akifika kwake alikivua pamoja na viatu. Alipiga magoti kati yetu, akautazama ukuta, kisha akamshika dada uso kwa mikono miwili.

"Ndiyo," akasema. "Mama anasema ndiyo, nyathina, mwanangu. Wewe na mimi, tuko wawili. Wacha ipasuke."

Dada alimtazama mdomoni. Nadhani alitaka kuhakikisha kwamba amesikia vizuri. Kisha mabega yake, ambayo tangu asubuhi yalikuwa yamekaza, yakalegea.

Nilimrukia mama kwa ngumi. "Wewe si wa huko!" nikamwambia. "Nani alikwambia sheria? Wewe si wa huko!"

Mama alimpandisha dada mapajani, mkubwa hivyo, miguu yake ikaning'inia. Nami nikarudi ukutani. Maji yalikuwa yameisha, nikatumia mate, nikasugua kingo za ile nyota mpaka udongo ukaanza kubanduka na fito zikaonekana.

Gari la tajiri wa baba lilipoingia uani, jua lilikuwa bado juu na mimi nilikuwa bado nasugua. Nilimsikia baba akifungua mlango wa gari na kuita. Mama hakuinuka.