Fatwa ya Kila Asubuhi

Baba yangu alisomesha Kurani Bagamoyo kwa miaka mingi, na nusu ya wanaume wa mtaa wetu walimwita maalim. Miaka ya baada ya vita vya pili akili yake ilianza kumtoka. Alisahau majina ya wajukuu, kisha njia ya msikitini, mwishowe akamsahau mama. Akawa anamwita "mgeni" na kumkaribisha kiti. Mama alikikalia na kushukuru. Hayo tuliyazoea.

Lililotutisha lilikuja Ramadhani ilipokwisha, kwani kwake haikwisha. Siku ya Idi alivaa kanzu mpya, akala pilau. Kesho yake alipoletewa chai aliifunika kwa kisahani akasema amefunga. Tangu hapo ikawa kila siku amefunga. Magharibi ikiingia tayari amelala, na tukimwamsha hudai alfajiri imepita, tunataka kumharibia swaumu yake. Midomo ikampasuka. Mkojo ukawa mweusi kama chai ya mkandaa. Nilikuwa na kitabu kimoja cha afya nilichojisomea mpaka jalada likatoka, nikajua kwamba kwa mwendo ule tutamzika.

Baba mdogo, ndugu yake wa tumbo moja, alikuwa mkwezi wa minazi mwenye mikono migumu. Akaamua anyweshwe kwa nguvu. Alimshika taya, jirani akamshika miguu, maji yakaingia njia isiyo yake. Baba alikohoa hadi macho yakamtoka, na kofia ikaanguka. Mama aligeukia ukutani. Mimi nikatoka kwenda zahanati.

Dresa wa zahanati, yule mfunga vidonda na mgawa dawa, alikuwa Mnyamwezi, Mkristo, na sisi ni Wazaramo, kwa hiyo ni watani. Alipiga hodi, akangoja aitikiwe, akavua viatu. Baba mdogo alikuwa amemshika baba taya tena.

"Mwachie, mtani," dresa akasema. "Huyo si mbuzi wa kunyweshwa dawa."

"Wewe mla nguruwe, mambo ya swaumu utayajulia wapi?"

"Siyajui. Nimekuja kumuuliza anayeyajua."

Angekuwa mtu mwingine, baba mdogo angemtoa nje. Kwa mtani alicheka kwa shida, akaachia.

Dresa aliokota kofia, akaipangusa, akampa baba aivae mwenyewe. Akakaa mkekani, kando ya kitanda, akangoja pumzi za mzee zitulie.

"Shikamoo, maalim."

"Marahaba."

"Niruhusu nikushike mkono."

Baba akampa mkono. Dresa aliivuta ngozi kidogo kwa vidole, akaitazama inavyochelewa kurudi. Kisha akasema, "Maalim, nina suala. Kuna mgonjwa, mtu mzima. Ulimi umemkauka, mkojo umekuwa mweusi, na bado amefunga. Afanyeje?"

Baba alijiweka sawa. Sauti iliyomtoka hatukuwa tumeisikia kwa muda mrefu, ile sauti ya darasani.

"Afungue. Mungu hakumtaka mtu ajiue. Akipona atalipa, na kama haponi, watu wake watalisha maskini kwa ajili yake."

"Mgonjwa mwenyewe ni wewe, maalim."

Baba aliitazama mikono yake, upande huu na upande huu. "Basi leteni maji," akasema.

Alikunywa ameketi, funda moja moja, kama dresa alivyotuelekeza. Tulipomsindikiza mgeni wetu mlangoni alisema, "Kesho atakuwa amesahau. Muulizeni tena. Msimwamrishe."

Tukamuuliza tena. Kila asubuhi mmoja wetu alikaa mkekani na kulileta suala lile, na kila asubuhi baba alilipima kana kwamba ni jipya, akatoa hukumu ileile. Baba mdogo aliacha kabisa kutumia nguvu. Kabla ya kwenda kazini alimwangulia ndugu yake madafu, na zamu yake ilipofika aliuliza kwa sauti ya kuitia watu mnazini.

"Wewe ulikuwa ukitoroka chuoni," baba alimwambia siku moja. "Ndiyo maana hata hili hulijui." Jina la ndugu yake hakulikumbuka, lakini utoro wake aliukumbuka. Baba mdogo alicheka mpaka akajifuta machozi, akamshikia dafu.

Baba aliishi nasi miaka mingine miwili. Dresa alikuja mara kwa mara, hata alipokuwa hana dawa ya kuleta, na sikumwona hata siku moja akiingia chumba kile bila hodi. Namwombea kheri mpaka leo.

Asubuhi moja ilikuwa zamu ya mama. Baba alimsikiliza mpaka mwisho, akatoa hukumu, kisha akauliza jambo ambalo hakuwahi kuliuliza.

"Mgonjwa huyo ana watu?"

"Anao," mama akamjibu.

"Alhamdulillahi," akasema, akanyoosha mkono apokee kikombe.